Anayeondoa Ombi Lake Mahakamani Ameacha Nini?

Hati ya kuondoa ombi mahakamani huwa fupi. Mwombaji anaiarifu mahakama, pamoja na mjibu maombi, kwamba hataki tena kuendelea na shauri alilofungua, na pengine anaongeza sababu ya mstari mmoja: anakwenda kukata rufaa mbele ya baraza. Mistari hiyo michache inatosha kuzusha maneno mtaani. Wapo watakaosema ameufyata, wapo watakaosema amekatiwa kitu kidogo, na wenye huruma watasema wakili ndiye aliyekosea njia tangu mwanzo. Wote hao wanakubaliana juu ya jambo moja wasilolitamka, kwamba mtu akiondoka mbele ya jaji ameondoka na pungufu ya alichokwenda nacho. Naona dhana hiyo ni potofu, na upotofu wake hauishii kwenye sheria. Unagusa swali la kale la dini na falsafa: je, haki humkalia mwenyewe, au hukaa katika kiti cha anayehukumu? Kama hukaa kitini, basi kuondoka ni kuitupa. Kama ni ya mtu kabla ya hukumu, basi kiti ni mahali pa kuionyesha tu, na mwenye nayo anaweza kuihamisha bila kuipunguza. Mimi nashika jibu la pili, na ninadai zaidi ya hapo: pale ambapo ugomvi wenyewe ni juu ya uamuzi wa ofisi fulani ya serikali, kuondoa ombi na kwenda barazani mara nyingi ndiko kuwa mkweli juu ya kile unachokilalamikia, ilimradi baraza liwe hai na anayehama asiwaache wenzake njiani.

Ushahidi wa kwanza ni wa dini. Katika hadithi iliyopokewa kutoka kwa Umm Salama, iliyomo katika Bukhari na Muslim, Mtume anawaonya waliomletea ugomvi kwamba yeye ni binadamu, kwamba huenda mmoja wao akawa hodari zaidi wa kujieleza, na kwamba atakayehukumiwa mali ya nduguye kwa sababu hiyo amekatiwa kipande cha moto. Wanazuoni wengi, na miongoni mwao wafuasi wa Shafii ambao ndio wengi katika pwani yetu, wameelewa kwamba hukumu ya kadhi haibadilishi undani wa jambo: kisicho chako hakigeuki kuwa halali kwa kuandikwa katika kitabu cha hukumu. Abu Hanifa aliona tofauti katika mambo ya mikataba na ndoa, kwamba humo hukumu inaweza kuwa na nguvu ya ndani pia, na mjadala huo umedumu kwa karne nyingi. Hata hivyo katika mali tupu na dhuluma ya wazi wote wanarudi palepale, kwamba haki inatangulia kiti. Na kama mtu anaweza kushinda mbele ya hakimu bora kuliko wote akawa bado hana haki, basi anaweza pia kuondoka mbele ya hakimu akawa bado anayo. Kuondoka peke yake hakuthibitishi lolote juu ya uzito wa alichokuwa akidai.

Lakini mtu anaweza kuichukua hoja hiyo akaipeleka mbali mno, akasema kwamba kama haki inatangulia kiti basi viti vyote ni sawa, nenda popote. Hapana. Hadithi hiyohiyo inatufundisha kwamba anayehukumu huona kile tu kilichowekwa mbele yake. Kwa hiyo swali la haki linakuwa pia swali la macho: nani ana uwezo wa kukiona hiki ninacholalamikia, na akikiona, ana mkono wa kukirekebisha? Hapa ndipo tofauti ya mahakama na baraza inapoacha kuwa mambo ya makarani na kuwa jambo la kufikiriwa.

Tuchukue Lamu, mji wa kale ulioingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2001. Septemba 2016 mamlaka ya mazingira ya Kenya, NEMA, ilitoa leseni ya kujenga mtambo wa umeme wa makaa ya mawe wa megawati 1,050 huko Kwasasi, katika kaunti hiyo ya Lamu. Wakazi na mashirika yao hawakulipeleka suala la leseni ile Mahakama Kuu kama uvunjaji wa katiba. Walikata rufaa katika baraza la kitaifa la mazingira, lililoundwa na sheria ya mazingira ya mwaka 1999. Juni 26, 2019 baraza likaifuta leseni, kwa sababu wananchi hawakushirikishwa ipasavyo na kwa sababu athari za mabadiliko ya tabianchi hazikuzingatiwa inavyotakiwa na sheria ya 2016. Ili kuelewa uzito wa tukio hilo, itazame mamlaka yenyewe ya baraza. Kifungu cha 129 cha sheria ile ya mazingira kinaliruhusu kuthibitisha uamuzi uliolalamikiwa, kuutengua au kuubadilisha, na kutumia uwezo wowote ambao NEMA yenyewe ingeweza kuutumia. Yaani baraza linakalia kiti cha aliyetoa leseni na kuyapima upya yale aliyoyapima yeye: ripoti ya athari, majivu, hewa, bahari, mikutano ya wananchi iliyofanyika na ile iliyodaiwa tu kufanyika. Jaji anayepitia uamuzi wa serikali kwa kawaida hana kiti hicho. Kazi yake ni kuuliza kama mwamuzi alikuwa na mamlaka, kama alifuata utaratibu, kama alitenda kwa akili timamu. Akiona kasoro, aghalabu hulirudisha jalada kwa yuleyule aliyekosea, afanye tena. Mtu anayelalamika kwamba leseni haikustahili kutolewa, halafu akaomba mahakama itamke kwamba haki yake ya kikatiba imevunjwa, ameuliza swali kubwa kwa jina na dogo kwa matokeo.

Lamu hiyohiyo inatuzuia kufanya kanuni ya upande mmoja. Mwaka 2012 wakazi wengine walifungua ombi la kikatiba kuhusu ujenzi wa bandari ya Lamu, sehemu ya mradi wa LAPSSET. Serikali ilipinga kwa hoja ya kawaida kwamba ziko njia nyingine ambazo hazijapitiwa. Mahakama Kuu, katika hukumu ya mwaka 2018, ilikataa kuwafukuza. Ilisema kimsingi kwamba kanuni ya kumaliza njia nyingine kwanza ni ya kweli, lakini ina vighairi, na lazima mtu atazame uzito wa masilahi ya umma, jinsi masuala yalivyosukana, na kama njia hiyo nyingine inatosha. Pale palikuwa na riziki ya wavuvi, utamaduni wa mji, haki ya kupata habari na haki ya mazingira safi, vyote kwa pamoja, na hakuna leseni moja ambayo ungeikatia rufaa ukamaliza. Mahakama ikaamuru wavuvi wapatao 4,600 walipwe fidia ya takriban shilingi bilioni 1.76. Kaunti ileile, bahari ileile, milango miwili tofauti, na sioni mgongano. Kesi ya bandari iliuliza watu wamefanyiwa nini. Kesi ya makaa iliuliza kama karatasi fulani ilistahili kutiwa saini. Aliye na swali la pili akajikuta katika chumba cha swali la kwanza, sioni aibu yoyote katika kusimama, kuaga na kutoka.

Upinzani mkubwa zaidi dhidi ya haya ni wa wapenzi wa katiba, nami nawaheshimu. Wanasema haki za msingi hazipangi foleni. Ibara ya 22 ya Katiba ya Kenya ya 2010 inampa kila mtu nafasi ya kwenda mahakamani haki yake inapovunjwa au kutishiwa, na haikumwambia apitie kwanza kwa mtu mwingine. Kumtaka aondoke na kwenda barazani ni kuishusha katiba chini ya sheria ya bunge. Hoja hii ina nguvu, na historia ya miaka ya karibuni inaonyesha mahakama zenyewe zikivutana nayo. Mwaka 2020, katika kesi ya wakazi wa Kisumu dhidi ya viwanda vya Kibos, Mahakama ya Rufaa ilisema kwamba huwezi kuyafunga pamoja madai ya kila aina ukaiongezea Mahakama ya Mazingira na Ardhi mamlaka ambayo sheria imeyaweka kwa wengine kwanza, na Mahakama ya Juu ikakubaliana nayo katika hilo. Desemba 2023 Mahakama ya Juu hiyohiyo ikaweka mpaka kwa upande wa pili: baraza la mazingira husikiliza rufaa dhidi ya maamuzi, na kuwepo kwake hakumnyimi mtu mlango wa mahakama anapodai kwamba haki yake ya mazingira safi imevunjwa na njia nyingine haimtoshelezi. Ukizisoma hukumu hizi pamoja, huoni katiba ikishushwa. Unaona majaji wakijaribu, kwa kusuasua kidogo, kutenganisha madai ya haki na rufaa iliyovishwa joho la haki.

Nadhani wapenzi wa katiba wanasahau kwamba kupanga ngazi si kudharau ngazi ya chini wala kumtenga mnyonge. Katika Kitabu cha Kutoka, Yethro anamkuta mkwewe Musa akihukumu watu tangu asubuhi hadi jioni, naye hamsifu kwa bidii yake. Anamwambia kwamba atajichosha yeye na kuwachosha watu, na kumshauri aweke waamuzi wa maelfu, wa mamia, wa hamsini na wa makumi, mambo mazito tu yaje kwake. Msomaji makini ataona kwamba Yethro aliwataja watu waliosimama kwenye foleni pamoja na Musa aliyeketi. Ngazi zile ziliwekwa kwa ajili yao pia. Injili ya Mathayo, sura ya 18, ina mpangilio wa aina hiyo kwa ndugu waliokoseana: kwanza wawili peke yao, kisha na mashahidi mmoja au wawili, kisha kanisa. Mwaka 2015 Mahakama ya Rufaa ya Kenya ilipokutana na mgogoro wa kanisa ambalo katiba yake iliweka njia ya ndani ya kumaliza ugomvi, iliwarudisha waumini kwenye njia yao. Waliosema siku ile kwamba mahakama imekimbia kazi hawakuwa wameisoma Mathayo vizuri, ingawa huenda walikuwa na Biblia mkononi.

Tatizo gumu zaidi ni hili: vipi kama ngazi ya chini imeoza? Hapa Matendo ya Mitume yanatusaidia kuliko risala nyingi za sheria. Festo anamuuliza Paulo kama yuko tayari kwenda kuhukumiwa Yerusalemu. Paulo anakataa na kudai kiti cha Kaisari. Alikuwa na sababu. Wakuu wa Yerusalemu walikuwa wameomba aletwe kwao huku wamepanga kumvizia njiani. Baadaye Agripa anamwambia Festo kwamba mtu huyu angeweza kuachiliwa kama asingekata rufaa kwa Kaisari. Kisa hiki kina ukweli wa pande mbili. Anayechagua kiti hubeba gharama ya kiti alichochagua, hata kama baadaye ataonekana angeshinda mapema kwingine. Na hakuna mtu anayelazimika kuhamia kiti ambacho njia yake ni mtego. Sheria ya kisasa imefikia jambo hilohilo kwa maneno makavu. Mkataba wa Afrika wa Haki za Binadamu na Watu, katika ibara ya 56, unataka njia za ndani ya nchi zimalizwe kwanza, isipokuwa ikiwa dhahiri kwamba zinacheleweshwa kupita kiasi. Tume ya Afrika, katika uamuzi wake wa mwaka 2000 juu ya malalamiko ya Dawda Jawara dhidi ya Gambia, ilieleza kwamba njia hiyo lazima iwepo, iwe na ufanisi na itoshe. Nchini Kenya sheria ya mwaka 2015 ya utendaji wa haki wa kiutawala inaitaka Mahakama Kuu imwelekeze mlalamikaji amalize njia nyingine kwanza, lakini inairuhusu kumsamehe sharti hilo katika mazingira ya kipekee.

Vipimo vitatu hivyo vya Tume ya Afrika vinafaa kutumiwa bila aibu na bila chuki. Baraza ambalo wajumbe wake hawajateuliwa kwa miezi, akidi haitimii na majalada yanakusanya vumbi, halipo, hata kama kibao chake kiko mlangoni. Kumwambia mtu aondoe ombi lake aende huko ni kumfukuza kwa adabu. Wajumbe wa baraza kuteuliwa na waziri ni jambo jingine, na hapa nadhani wakosoaji wanakwenda haraka mno. Tanzania, wenyeviti wa Mabaraza ya Ardhi na Nyumba ya Wilaya huteuliwa na waziri wa ardhi, na malalamiko juu ya utaratibu huo ni ya haki. Lakini tiba yake si kuyakwepa mabaraza. Tiba iko katika rufaa inayopanda kwenda Mahakama Kuu na katika kuubadilisha uteuzi wenyewe. Mabaraza ya Kata, kwa mfano, yalinyang'anywa uwezo wa kuamua mwaka 2021 yakabaki na usuluhishi, na mwenye shauri la ardhi akikaa siku 30 bila kusuluhishwa anaruhusiwa kusonga mbele. Bunge liliona ngazi imelegea, likaifanyia matengenezo. Tunaweza kubishana kama yalikuwa mazuri, lakini ni matengenezo.

Kuna shaka nyingine, ya kimaadili zaidi: kwamba anayeondoa ombi anatafuta bahati ya pili. Aliapa katika hati ya kiapo, akasikiliza upepo wa jaji, akaona hauvumi kwake, sasa anakimbilia kwingine. Watu wa namna hii wapo, na sheria inawajua. Kanuni za madai za Tanzania, Amri ya XXIII, zinasema anayeondoa shauri bila kuomba ruhusa ya kulifungua tena hawezi kulirudisha. Mahakama ya Juu ya India, katika uamuzi wa mwaka 1987 kuhusu kampuni ya usafirishaji ya Sarguja, iliipeleka busara hiyo hadi kwenye maombi ya kikatiba: aliyeondoa bila ruhusa asirudi kwa mlango uleule juu ya jambo lilelile. Kwa upande mwingine sheria haimtendei mwenye nia njema kama mwizi. Sheria ya Ukomo wa Muda ya Tanzania, kifungu cha 21, inaziondoa katika hesabu siku ambazo mtu alizitumia kwa nia njema katika mahakama isiyo na mamlaka. Kipimo kimewekwa wazi hapo: nia na bidii. Kwa hiyo tusimpime anayehama kwa kuhama kwake, tumpime kwa wakati aliohama. Rufaa dhidi ya leseni mbele ya baraza la mazingira la Kenya ina dirisha la siku 60. Aliyegundua ndani ya dirisha hilo kwamba swali lake ni la leseni, akaondoa ombi na kukata rufaa, hana haja ya kujitetea. Aliyengoja mwaka mzima, akapoteza zuio la muda, ndipo akakumbuka baraza, huyo ana maelezo ya kutoa, na gharama za mjibu maombi ni sehemu ya maelezo hayo.

Mtu anaweza kuuliza kwa nini basi aondoe badala ya kuliomba shauri lisimame kwa muda. Swali zuri. Katika kesi ya Kibos Mahakama ya Juu ilisema masuala ya kikatiba yangeweza kuwekwa kando yakisubiri vyombo vingine vimalize kazi yao, na pale ambapo baada ya baraza kutabaki dai halisi la haki, hiyo ndiyo njia ya busara. Ila si kila ombi lina mabaki. Kama lote lingekwisha leseni ikifutwa, kulining'iniza mahakamani ni kuweka rehani saa za jaji na utulivu wa mpinzani, kwa ajili ya siku ambayo mwombaji huenda akashindwa barazani na kutaka kuanza upya.

Linalobaki, nami naona ndilo zito kuliko yote, ni kwamba ombi la umma si mali ya aliyelitia saini. Kanuni za mwaka 2013 zinazosimamia maombi ya kikatiba Kenya zimeliona hili: mwombaji lazima aiarifu mahakama na mjibu maombi, mahakama ndiyo huamua juu ya kuondolewa huko na matokeo yake kisheria, na inaweza, kwa sababu itakazoziandika, kuendelea kulisikiliza shauri ijapokuwa mwenyewe ameaga. Wapo wanaoliona sharti hilo kama minyororo. Mimi naliona limekaa mahali pake, ingawa ningependa litumike kwa nadra. Jaji aulize mambo mawili tu: je, rufaa imeshawasilishwa barazani au bado ni nia, na je, kila aliyekuwa akiegemea ombi hili ana nafasi ya kusikika huko? Mvuvi asiyekuwa na leseni ya kukatia rufaa, aliyekuwa akisubiri fidia nyuma ya jina la mtu mwingine, hakuhamia popote hati ile iliposainiwa. Kwa ajili yake mahakama ina sababu ya kulibakiza jalada wazi, na kumwacha mwombaji wa kwanza aende zake barazani kwa amani.